Si Laana, Si Kosa la Mama: Historia ya Ualbino na Afya ya Mtoto

(Muziki wa kufungua kipindi unapungua.)

Kama uko jikoni ukimenya ndizi, kama umetoka kuchuma majani chai, au kama umekaa na wenzako wa chama mkisoma kijitabu hiki, tulia kidogo. Leo tunazungumza juu ya mtoto mwenye ualbino.

Tuseme mama amejifungua usiku katika kituo cha afya huku kwetu. Mtoto analia vizuri na ananyonya vizuri. Mkunga anasema mtoto ni mzima. Lakini ngozi yake ni nyeupe kuliko ya wazazi wake, na nywele zake zina rangi ya nywele za hindi bichi. Kesho yake wageni wanafika kumwona. Wa kwanza anafunua shuka, ananyamaza. Wa pili anauliza kwa sauti ya chini, "Huyu mtoto ametoka wapi?" Baba ya mtoto anatoka nje bila kusema neno.

Swali hilo ni la zamani sana. Limevunja ndoa, na limewafanya kina mama wengi kuwaficha watoto wao ndani ya nyumba. Leo nataka tuangalie lilikotoka, na ubaya lililotuletea. Jambo ninaloomba ulishike ni hili: wakati watu walipokuwa wakitafuta nani alaumiwe, jua lilikuwa likimdhuru mtoto. Tulishindana na mama, kumbe adui alikuwa juu ya vichwa vyetu.

MANENO YA ZAMANI

Kabla sayansi haijaeleza jambo, watu hulieleza kwa njia yao. Hapa Afrika Mashariki yamesemwa mengi kuhusu ualbino. Wengine walisema ni laana ya mizimu. Wengine walisema mama alitembea na mzungu. Wengine walidai kwamba alimcheka mtu mwenye ualbino alipokuwa mjamzito, ndipo naye akapewa wake. Wako waliotema mate kifuani walipokutana na mtu wa namna hiyo njiani, ili mkosi usiwafuate.

Ukiyatazama maneno haya vizuri utaona kwamba karibu yote yanamwangukia mama. Ni yeye aliyekosea, ni yeye aliyecheka, ni yeye aliyetoka nje ya ndoa. Baba hatajwi.

Iko pia imani kwamba watu wenye ualbino hawafi, bali hupotea tu. Huenda imani hiyo ilitokana na ukweli mchungu. Wazee wenye ualbino walikuwa wachache vijijini, kwa sababu wengi walifariki wakiwa bado vijana. Hawakupotea. Wengi waliondolewa na saratani ya ngozi.

Hata majina tuliyowapa yana historia yake. Kwa miaka mingi Waswahili walisema zeruzeru. Siku hizi tunaliepuka neno hilo, kwa sababu linamfanya mtu aonekane kama kiumbe cha ajabu. Tunasema mtu mwenye ualbino. Yeye ni mtu kwanza, hali yake ya ngozi inafuata baadaye.

NJEGERE ZA MTAWA

Jibu la swali la wale wageni lilianza kupatikana katika shamba dogo la njegere, zile ambazo wengi wetu huziita minji. Mtawa mmoja, Gregor Mendel, aliishi katika mji wa Brno, ambao leo uko katika nchi ya Cheki. Alipanda njegere ndefu na njegere fupi, akazichanganya. Zilizoota zote zilikuwa ndefu. Ungedhani ufupi umekwisha. Lakini alipopanda mbegu za hizo ndefu, karibu moja katika kila nne ilitoka fupi. Ufupi haukuwa umekufa, ulikuwa umejificha ndani ya mbegu.

Mendel alichapisha habari hiyo mwaka 1866, lakini watu wachache waliijali hadi mwaka 1900. Kisha mwaka 1908, daktari Mwingereza aliyeitwa Archibald Garrod alitoa mihadhara mjini London. Alieleza hali kadhaa ambazo mtu huzaliwa nazo kwa sababu kazi moja ndani ya mwili wake haikamiliki. Ualbino ulikuwa mmoja wa hali hizo.

Kazi hiyo ni kutengeneza melanini. Melanini ndiyo inayotia rangi katika ngozi, nywele na macho. Pia ni kama mwavuli wa mwili, kwani huzuia miale mikali ya jua isiingie ndani ya ngozi. Mtu mwenye ualbino ana melanini kidogo sana au hana kabisa. Damu yake, akili yake na nguvu zake ni kama za mtu mwingine yeyote.

Sasa sikiliza sana, mama, na umwite baba pia asikie. Kila mzazi humpa mtoto nusu ya maagizo ya kujenga mwili. Katika ualbino wa aina iliyo ya kawaida huku kwetu, mtu aliyerithi agizo lenye kasoro kutoka kwa mzazi mmoja tu huwa na ngozi nyeusi kama kawaida, wala hajui kwamba amelibeba. Mtoto huzaliwa na ualbino anapopata agizo hilo kutoka kwa mama na kutoka kwa baba, wote wawili. Wazazi hao wakikutana, kila mimba ina nafasi moja kati ya nne ya kuleta mtoto mwenye ualbino. Hii haina maana kwamba ni lazima awe mtoto wa nne. Anaweza kuwa wa kwanza, wanaweza kuwa wawili wakifuatana, na pengine asitokee hata mmoja.

Kwa hiyo baba anayemfukuza mkewe kwa sababu ya mtoto mwenye ualbino anamfukuza kwa jambo ambalo yeye mwenyewe amechangia nusu.

Je, na ule uvumi wa mzungu? Mwaka 1994 wanasayansi waliokuwa wakichunguza aina ya ualbino inayopatikana zaidi kwa watu weusi walieleza kasoro moja iliyo ya kawaida sana katika maagizo hayo. Waligundua kwamba asili yake ni hapa Afrika. Haikuletwa na mgeni. Tumeirithi kutoka kwa babu na nyanya zetu wa zamani, ikapita kimya kizazi hadi kizazi. Sisi Abagusii tuna desturi ya kutooana ndani ya ukoo mmoja, na desturi hiyo ni nzuri. Lakini agizo hili limesambaa mbali mno, hata watu wa koo tofauti wanaweza kukutana nalo.

JUA LA KISII SI LA KUDHARAULIWA

Wakati kina baba walikuwa wakibishana juu ya damu, madaktari walianza kuona hatari nyingine. Mwaka 1975 Daktari Okoro wa Nigeria alichapisha uchunguzi wake kuhusu watu wapatao 1,000 wenye ualbino. Miongoni mwa waliopita umri wa miaka 20, hakupata hata mmoja ambaye ngozi yake haikuwa na saratani au dalili zinazotangulia saratani. Mwaka 1985 madaktari wa Dar es Salaam walitoa matokeo ya watu 350 wenye ualbino. Waliona kwamba ngozi huanza kuharibiwa na jua mtoto akiwa katika mwaka wake wa kwanza.

Rudia hayo maneno, mama: mwaka wa kwanza. Mtoto bado anabebwa mgongoni, na tayari jua limeanza kazi.

Mwaka 1992 kilifunguliwa kituo cha mafunzo ya magonjwa ya ngozi mjini Moshi, Tanzania, karibu na Hospitali ya KCMC. Tangu hapo wahudumu kutoka nchi nyingi za Afrika wamefunzwa huko kutambua na kutibu ngozi iliyoharibiwa na jua. Huko Moshi pia hutengenezwa losheni ya kukinga jua iliyokusudiwa watu wenye ualbino.

Huenda unasema, "Hayo ni ya Mombasa na Dar es Salaam kwenye joto. Sisi huku ni baridi na mvua." Hapo ndipo wengi wetu tunakosea. Joto silo linaloharibu ngozi. Kinachoharibu ni miale ya jua ambayo huioni wala huihisi. Sisi tuko karibu kabisa na ikweta, na milima yetu ya Kisii na Nyamira iko juu sana. Kadiri unavyopanda juu, ndivyo miale hiyo inavyoongezeka nguvu. Wingu jepesi nalo halisaidii sana, kwa kuwa sehemu kubwa ya miale hupita. Mtoto anaweza kuungua siku ya mawingu huku amevaa sweta, kama uso, masikio na mikono viko wazi.

Saratani hii ya ngozi ina jambo moja la kutupa matumaini. Mara nyingi hukua polepole, tena huonekana kwa macho. Ikigunduliwa mapema, huondolewa kwa upasuaji mdogo na mtu anaendelea na maisha. Ikifichwa chini ya kitambaa kwa miezi na miezi, huingia ndani na kusambaa. Wahenga walisema, mficha maradhi kilio humfichua.

UVUMI UNAPOGEUKA PANGA

Jua huua polepole. Uvumi wakati mwingine huua kwa usiku mmoja.

Kuanzia miaka ya 2006 na 2007, habari za kutisha zilianza kutoka Tanzania, hasa mikoa ya Kanda ya Ziwa. Watu wenye ualbino waliuawa au kukatwa viungo, kwa sababu waganga waliwadanganya wateja kwamba viungo hivyo huleta utajiri. Wenye tamaa wakaanza kuwaita wenzao "dili". Mwaka 2008 mwanahabari Vicky Ntetema wa BBC alichunguza waganga hao kwa siri, na alipotangaza aliyoyaona alitishiwa hadi akalazimika kujificha. Mwaka huo huo Rais Jakaya Kikwete alimteua Al-Shaymaa Kwegyir, mwanamke mwenye ualbino, kuwa mbunge. Januari 2015 serikali ya Tanzania ilitangaza kupiga marufuku waganga wa namna hiyo. Katika mwaka huo Umoja wa Mataifa ulisema kwamba watu wasiopungua 75 wenye ualbino walikuwa wameuawa Tanzania tangu mwaka 2000.

Tusiseme kwamba hayo ni ya ng'ambo. Mpaka wa Isebania uko saa chache tu kwa matatu kutoka Kisii. Mwaka 2010 mahakama ya Mwanza ilimfunga jela Mkenya mmoja aliyemvusha kijana Mkenya mwenye ualbino ili amuuze. Alikuwa amemdanganya kwamba anampeleka kazini. Mwaka 2015 mwanamume mwenye ualbino alishambuliwa kwa mapanga katika Kaunti ya Vihiga.

Na hapa kwetu Gusii tunajua vizuri uvumi unavyoweza kufanya. Mei 2008 watu 11, wengi wao wazee, walichomwa moto hadi kufa kwa kudaiwa kuwa wachawi. Oktoba 2021 akina nyanya wanne waliuawa Marani kwa madai hayo hayo. Wale nyanya hawakuwa na ualbino, lakini njia ilikuwa ile ile. Mtu anaumwa au anapata hasara, kisha anatafutwa wa kulaumiwa, na anayeangukiwa ni yule asiye na wa kumtetea. Mama aliyeachwa na mumewe, akiwa peke yake na mtoto mwenye ualbino, amesimama mahali hapo hapo pa hatari.

Uko uongo mwingine ambao ni lazima tuutaje bila haya. Baadhi ya watu wamedai kwamba kulala na msichana au mwanamke mwenye ualbino huponya Ukimwi. Si kweli hata kidogo. Dai hilo limewaletea wasichana ubakaji na maambukizi. Virusi vya Ukimwi hudhibitiwa kwa dawa zinazotolewa kliniki, na kwa dawa hizo tu.

SHULENI: MTOTO ALIYEDHANIWA KUWA KIPOFU

Melanini husaidia pia macho kukua sawasawa. Ndiyo maana mtoto mwenye ualbino huumizwa na mwanga mkali, macho yake huchezacheza, na huona vizuri zaidi kitu kikiwa karibu. Miwani husaidia, ingawa haiondoi tatizo lote.

Hapo zamani walimu wengi hawakuelewa jambo hili. Mtoto aliyeshindwa kusoma ubaoni aliitwa mjinga, akaachwa nyuma. Wengine walipelekwa katika shule za wasioona na kufundishwa maandishi ya nukta yanayosomwa kwa vidole. Watoto hao waliyasoma yale maandishi kwa macho yao! Walikuwa wanaona. Walichohitaji ni maandishi makubwa na kiti cha mbele. Shule hizo ziliwapa wengi makao salama na elimu nzuri, nasi tunazishukuru. Lakini mtoto anayeweza kusoma karibu na nyumbani asipelekwe mbali kwa sababu tu watu wanaona haya.

Mwaka 2017 msichana mwenye ualbino kutoka Kaunti ya Kakamega aliongoza nchi nzima katika mtihani wa KCPE. Alipata alama 455 kati ya 500. Siku ile matokeo yalipotangazwa, wale waliosema watoto hawa hawana akili walinyamaza.

KENYA ILIVYOAMKA

Mambo hayakubadilika yenyewe. Watu wenye ualbino wenyewe walisimama. Katika miaka ya 2000 waliunda vyama, wakaenda kwenye redio na kwenye ofisi za serikali. Katiba ya mwaka 2010 ilipiga marufuku kumbagua mtu kwa rangi au kwa ulemavu, na ikampa kila mtu haki ya kupata huduma za afya. Katika bajeti ya mwaka 2011/2012, serikali ilitenga shilingi milioni 100 kwa ajili ya losheni za kukinga jua na mahitaji mengine ya watu wenye ualbino. Fedha hizo zilipitia Baraza la Kitaifa la Watu Wenye Ulemavu.

Mwaka 2011 Mumbi Ngugi aliapishwa kuwa jaji wa Mahakama Kuu, na mwaka 2021 akapanda hadi Mahakama ya Rufaa. Mwaka 2013 Isaac Mwaura aliingia Bungeni kwa kuteuliwa, akiwa mbunge wa kwanza wa Kenya mwenye ualbino. Mwaka 2022 wapiga kura wa Webuye Mashariki walimchagua Martin Wanyonyi. Wote watatu walizaliwa na mama kama wewe.

Umoja wa Mataifa nao ulitenga tarehe 13 Juni kuwa siku ya kimataifa ya kuhamasisha watu kuhusu ualbino, ikaanza kuadhimishwa mwaka 2015. Mwaka 2019, kwa mara ya kwanza, sensa ya Kenya iliwahesabu watu wenye ualbino. Walipatikana 9,729. Mtoto aliyefichwa chumbani siku ile hakuhesabiwa, na asiyehesabiwa ni vigumu kupangiwa losheni. Mei 2025 sheria mpya ya watu wenye ulemavu ilitiwa saini, ikachukua mahali pa ile ya mwaka 2003.

(Muziki mfupi.)

SASA WEWE MAMA UFANYE NINI?

Historia tumeisikia. Turudi nyumbani kwa yule mama na mtoto wake mchanga.

1. Mpeleke kliniki kama watoto wengine. Apate chanjo zote na apimwe uzito. Mwombe muuguzi akuelekeze kwa daktari wa macho na wa ngozi mapema, hata kabla hujaona tatizo. Hospitali ya Rufaa ya Kisii na ile ya Kaunti ya Nyamira zinaweza kukuongoza.

2. Mtoto wa chini ya miezi sita akae kivulini. Mfunike kwa nguo nyepesi yenye mikono mirefu na kofia. Unapombeba mgongoni, tumia mwavuli, na usisahau miguu yake inayoning'inia nje ya leso.

3. Akishapita miezi sita, mpake losheni ya kukinga jua yenye nguvu ya SPF 30 au zaidi. Ipake kama nusu saa kabla hajatoka nje, kisha uirudie kila baada ya saa mbili. Paka masikio, shingo ya nyuma, midomo na juu ya miguu. Mafuta ya kawaida ya kujipaka na mafuta ya kupikia hayazuii jua.

4. Losheni peke yake haitoshi. Kofia yenye ukingo mpana, shati la mikono mirefu na suruali au sketi ndefu ndizo kinga kubwa, na hazigharimu sana. Kofia ya michezo yenye ukingo wa mbele tu huacha masikio na shingo vikiungua.

5. Epukeni jua kuanzia saa nne asubuhi hadi saa kumi alasiri. Kazi za nje azifanye asubuhi na mapema au jioni. Mpe kazi kama watoto wengine, ila iwe kivulini.

6. Kagua ngozi yake kila mwezi, kuanzia kichwani hadi miguuni. Kidonda kisichopona kwa wiki nne, kipele kinachokua, mahali panapotoa damu au ukoko usiokwisha mdomoni, sikioni au mkononi, vyote ni vya kumpeleka hospitali. Usisubiri kiume, na usianze na mganga.

7. Zungumza na mwalimu. Mwombe mtoto akae mbele, mbali na mwanga wa dirisha, na akaribie ubao anapotaka. Aruhusiwe kuvaa kofia na mikono mirefu juu ya sare. Asisimamishwe juani wakati wa gwaride au michezo. Katika mitihani ya kitaifa anaweza kuombewa karatasi zenye maandishi makubwa na muda wa ziada. Kitabu akikisogeza karibu na macho, mwache. Hajiharibu.

8. Mwandikishe katika ofisi ya Baraza la Kitaifa la Watu Wenye Ulemavu kwenye kaunti yako. Hapo ndipo njia ya kupata losheni bila malipo inapoanzia. Ikiwa imekwisha, uliza itakuja lini, na wakati huo kofia na kivuli viendelee.

9. Mlinde. Mjulishe chifu, wazee wa nyumba kumi na majirani wema kwamba mtoto yupo. Mtoto anayejulikana na kijiji kizima ana macho mengi ya kumlinda kuliko mtoto aliyefichwa. Asitembee peke yake jioni au njia za upweke. Ukisikia mtu akiulizia bei au nywele zake, nenda polisi siku hiyo hiyo, au piga simu 116 bila malipo, simu ya kuwasaidia watoto.

Nawe nyanya, wewe uliyekuja kumwona mtoto siku ya kwanza, una neno la kusema. Katika boma lako mwanao husikiliza sauti yako kuliko redio yetu. Mtoto akifunuliwa shuka, usiulize ametoka wapi. Sema, "Huyu ni wetu, ametoka kwetu sote wawili. Mletee kofia." Neno hilo likitoka kinywani mwako, baba ya mtoto atarudi ndani.

MASWALI YA KUJADILI KIKUNDINI

Je, katika kijiji chetu yuko mtoto mwenye ualbino asiyeonekana shuleni au kliniki? Nani kati yetu atamtembelea mama yake?

Ni maneno gani tunayowaita watoto hawa, na tutayaacha vipi?

Kwa nini mtoto mwenye ualbino anaweza kuungua hata siku ya mawingu hapa Kisii au Nyamira?

Chama chetu kinaweza kuchanga kiasi gani kununua kofia pana na nguo za mikono mirefu kwa mtoto mmoja?

Tumefika mwisho wa kipindi cha leo. Kabla ya kulala, mwangalie mtoto wako ngozi, na kama una jirani aliye na mtoto mwenye ualbino, kesho mpelekee hodi.

(Muziki wa kufunga.)